Mandela Aliyekufa Mara Mbili

Paukwa!

Pakawa!

Sogeeni karibu, wanangu. Leo nina hadithi pamoja na maelezo yake, na nitawaambia wazi hadithi inaishia wapi na maelezo yanaanzia wapi, maana siku hizi wasimulizi wengi hawasemi. Hadithi nimeitunga mwenyewe. Maelezo sikuyatunga, yeyote kati yenu anaweza kwenda maktaba akayahakiki.

Hadithi njoo! Uongo njoo, utamu kolea.

Hapo kale, wala si kale sana, mwezi wa Agosti mwaka 1988, mjini Morogoro aliishi binti wa darasa la tano pamoja na babu yake. Kila jioni babu alitoa redio yake ya betri barazani, akavuta eriali, akasikiliza taarifa ya habari, na hapo hata kukohoa hakuruhusu. Jioni moja mtangazaji akasema kwamba Nelson Mandela, mfungwa aliyekuwa kifungoni Afrika Kusini tangu 1962, anaumwa, na kwamba amepelekwa hospitali huko Cape Town. Binti alikuwa na daftari la habari, kazi ya shuleni. Akaandika mistari mitatu. Babu akazima redio, wakala, wakalala.

Kulipokucha, dunia ilikuwa imekuwa mbili.

Binti alikunywa uji, na kwa funda lile lile ulimi wake ukaonja sukari na ukaonja uji mtupu. Akatazama mpapai wa jirani akauona umezaa, na papo hapo akauona umekatwa, kisiki chake kimezungukwa na nyasi. Kimoja hakikuficha kingine. Vyote viwili vilikuwapo, mahali pamoja, mbele ya macho yake. Akamgeukia babu.

"Shikamoo babu. Yule Mandela ameamkaje?"

Babu alifungua kinywa mara moja tu, zikatoka sauti mbili. Moja ilisema, "Marahaba. Anaendelea vizuri, mjukuu wangu." Nyingine ilisema, "Marahaba. Amefariki usiku, mjukuu wangu. Leo redio haiwashwi."

Binti akatoka mbio hadi Mazimbu, walikokaa wakimbizi wa Afrika Kusini na shule yao. Akawakuta vijana wanakwenda darasani wakiimba. Akawakuta vijana hao hao wameketi chini wakilia, bendera imeshushwa nusu mlingoti. Msichana mmoja alikuwa anacheka na analia, na uso ulikuwa mmoja.

Kilichotokea, wanangu, ni kwamba usiku ule wakati ulifika njia panda. Katika njia moja mgonjwa alipona. Katika njia nyingine hakupona. Kila mtu duniani akaenda njia zote mbili, nafsi moja huku na nafsi nyingine kule, na nafsi hizo hazikujuana kwa sababu baina ya njia palisimama ukuta. Ila ukuta wa binti huyu ulikuwa na ufa. Macho ya nafsi yake ya huku yakawa yanaona ya kule.

Siku ya kwanza alifurahi. Mwalimu alipotoa jaribio la hesabu, binti aliona majibu mawili kwa kila swali, akachagua lililo sahihi. Siku ya tatu alishindwa kuvuka barabara, kwa sababu lori lilikuwa linakuja na barabara ilikuwa tupu. Siku ya saba aliacha kuongea, kwani kila neno aliloambiwa lilikuja pamoja na ndugu yake wa kulikanusha.

Ndipo bibi mmoja, msuka ukili, akamwita. Akamwambia, "Mjukuu wangu, macho yako yanakupa mawili na masikio yako yanakupa mawili. Je, una chochote ulichokiandika kabla hujapatwa na haya?"

Binti akakimbilia daftari lake. Akafunua. Mistari ilikuwa mitatu, wala haikuwa na mingine mitatu juu yake. Mandela anaumwa. Yuko hospitali. Babu amezima redio. Akaweka kidole juu ya wino, akaisoma kwa sauti, akairudia na kuirudia, mpaka uji ukawa na ladha moja na mpapai ukawa mmoja.

Alirudi katika njia ipi? Hilo nawaachia ninyi. Hadithi yangu imeishia hapa.

Sasa maelezo.

Mwaka ule na ugonjwa ule sikuutunga. Agosti 1988 Mandela aliugua kweli katika gereza la Pollsmoor, akapelekwa hospitali ya Tygerberg, na madaktari wakatoa karibu lita mbili za maji kifuani mwake. Ilikuwa kifua kikuu. Alikuwa na umri wa miaka 70. Mzee wa miaka 70, mfungwa kwa miaka 26, mwenye kifua kikuu: wengine kwa hali hiyo wamekufa. Yeye akapona. Desemba mwaka huo akahamishiwa gereza la Victor Verster karibu na Paarl, na tarehe 11 Februari 1990 akatoka langoni kwa miguu yake, ameshikana mkono na mkewe Winnie. Mnajua yaliyofuata. Mei 1994 akaapishwa kuwa rais. Alifariki tarehe 5 Desemba 2013, nyumbani kwake Johannesburg, akiwa na miaka 95, akazikwa Qunu, kijiji alikokulia.

Pamoja na hayo yote, wako watu, wazima wa akili, waaminifu, wanaosema wanakumbuka Mandela alikufa gerezani miaka ya 1980. Hawasemi walisikia tetesi. Wanasema wanakumbuka matangazo kwenye televisheni, umati wa watu, mazishi, machozi ya mjane. Mmoja wao ni Fiona Broome, Mmarekani mwandishi wa habari za mizuka. Karibu na mwaka 2010 aligundua kuwa si yeye peke yake mwenye kumbukumbu hiyo. Wengine walikuwa nayo, tena wengi. Jambo hilo akalipa jina, nalo likaenea dunia nzima: Athari ya Mandela. Tangu hapo kila watu wengi wanapokumbuka kwa pamoja kitu ambacho hakikuwa, jina hilo ndilo linalotajwa.

Na maelezo waliyojipa baadhi yao ni yale ya binti wa Morogoro. Kwamba ziko njia nyingi za wakati. Kwamba katika mojawapo Mandela alikufa kweli. Kwamba wao waliliona hilo huko, kisha wakateleza, au njia mbili zikachanganyika, wakajikuta huku na kumbukumbu za kule.

Ni hadithi tamu, sikatai. Nimeisimulia mimi mwenyewe sasa hivi, na nilipofika kwenye lori na barabara tupu niliona mmeacha kutafuna karanga. Tena ina ukoo wa heshima. Juni 1934 mwandishi wa Marekani, Murray Leinster, alichapisha hadithi iitwayo "Sidewise in Time", ambamo vipande vya dunia kutoka njia mbalimbali za wakati vinabadilishana nafasi, na jeshi la Warumi linatokea kando ya mji wa Joplin, Missouri. Mwaka 1941 Jorge Luis Borges wa Argentina akaandika hadithi ya bustani ambayo njia zake hugawanyika, na njia hizo ni nyakati. Filamu za mashujaa mnazozitazama leo, zenye buibui-mtu kumi wanaokutana kutoka dunia kumi, zimekunywa katika visima hivyo.

Najua mtoto mmoja wenu ataniuliza: lakini wanasayansi si wanasema dunia sambamba zipo? Umeuliza vizuri. Ngoja nikueleze taratibu, maana hapa ndipo watu wengi hudanganywa.

Mwaka 1957 kijana wa Chuo Kikuu cha Princeton, Hugh Everett, alichapisha utafiti wake wa shahada ya udaktari chini ya mwalimu wake John Wheeler. Alikuwa anashughulika na fumbo la chembe ndogo sana, kama elektroni. Kabla hujaipima, hesabu za fizikia ya kwanta huieleza elektroni kana kwamba iko katika hali kadhaa kwa pamoja. Ukiipima, unaipata katika hali moja. Zile nyingine zimekwenda wapi? Jibu lililozoeleka wakati ule lilikuwa kwamba kipimo kimezifuta. Everett akasema hesabu zenyewe hazisemi popote kuwa kuna kilichofutwa. Tuziamini hesabu, akasema: hali zote zinaendelea kuwapo, na kila hali ina mpimaji wake aliyeona jibu lake. Wakubwa wa fani hawakuvutiwa. Everett hakufanya kazi ya chuo, alifanya hesabu za kijeshi Pentagon, akafariki 1982 akiwa na miaka 51 tu. Ni mwanafizikia Bryce DeWitt aliyeifufua dhana hiyo kuanzia 1970 na kuifanya ijulikane kwa jina la malimwengu mengi. Mpaka leo wako wanafizikia hodari wanaoikubali na wako hodari wanaoikataa.

Lakini sikilizeni kipande kinachoachwa na wauza miujiza. Hata Everett akiwa sahihi kabisa, ukuta hauna ufa. Hali mbili za chembe zinapokwisha kugusana na hewa, mwanga, joto na kila kitu kinachozizunguka, haziathiriani tena kwa namna ambayo mtu anaweza kuiona. Ubongo wako una joto na umajimaji, na umejaa chembe zisizohesabika zinazogongana kila sekunde. Hakuna sehemu katika hesabu za Everett inayoruhusu kumbukumbu ya kule kuvuja hadi huku. Kwa hiyo anayesema sayansi ya kwanta imethibitisha kuchanganyika kwa nyakati, amelitwaa jina la Everett akaiacha kazi yake.

Sasa tuje kwenye kumbukumbu yenyewe, kwani hapo ndipo penye ajabu kubwa kuliko dunia sambamba zote.

Wengi wetu tunadhani kumbukumbu imehifadhiwa kichwani nzima nzima, nasi tukikumbuka tunaitoa tu. Sivyo. Kumbukumbu ni kama hadithi inayosimuliwa upya kila usiku: mifupa inabaki, nyama inabadilika kufuatana na msimulizi, wasikilizaji na usiku wenyewe. Mtu wa Cambridge aitwaye Frederic Bartlett alilionyesha hili katika kitabu alichochapisha 1932. Aliwapa Waingereza wasome hadithi ya wenyeji wa Amerika Kaskazini, ya vijana wawili na vita vya mizimu, kisha akawaomba waisimulie, baadaye tena, baadaye tena. Mitumbwi ya hadithi ikageuka mashua. Mambo ya mizimu yasiyoeleweka kwao yakapungua au yakatoweka. Hakuna aliyekusudia kudanganya. Kila mmoja aliirekebisha hadithi ngeni mpaka ikafanana na mambo anayoyajua, kisha akaapa ndivyo alivyoisoma.

Miaka 42 baadaye, mwaka 1974, Elizabeth Loftus na John Palmer huko Marekani waliwaonyesha wanafunzi filamu ya magari yanayogongana. Baadhi wakaulizwa magari yalikuwa na mwendo gani yalipogongana. Wengine wakaulizwa swali hilo hilo, ila mahali pa kugongana pakawekwa neno kali zaidi, la kubamizana. Wiki moja ikapita. Wakaulizwa: uliona vioo vilivyovunjika? Filamu haikuwa na kioo hata kimoja kilichovunjika. Katika kundi la neno la kawaida, 7 kati ya 50 walisema waliviona. Katika kundi la neno kali, 16 kati ya 50. Neno moja, wanangu! Neno moja lililopenyezwa katika swali, na watu wakaona vioo barabarani.

Loftus hakuishia hapo. Mwaka 1995, yeye na Jacqueline Pickrell walitoa taarifa ya watu 24 waliopewa visa vinne vya utoto wao. Vitatu vilitoka kwa ndugu zao, vya kweli. Cha nne, cha kupotea katika jengo la maduka wakiwa wadogo, kilitungwa. Takriban robo yao walikikumbuka kile cha kutungwa, kikamilifu au kwa sehemu, na baadhi wakaongeza mambo ambayo hawakuambiwa na mtu.

Mnaweza kuniambia: huyo ni mtu mmoja mmoja. Wanaomkumbuka Mandela kafa ni wengi, na wahenga walisema penye wengi hapaharibiki neno. Wahenga walisema hivyo kuhusu baraza, mahali ambapo watu wanakaa, wanabishana na kusahihishana. Watu wengi waliokula chakula kimoja wanaweza kuumwa tumbo moja bila hata kujuana. Tazameni basi walilishwa nini.

Kwanza, walinyimwa sura yake. Sheria ya magereza ya Afrika Kusini ilikataza kuchapisha picha za wafungwa. Tangu miaka ya 1960 mpaka 1990 dunia ilikuwa na picha za kijana mwenye nywele zilizotengwa njia. Mzee aliyekuwa anazeeka kule gerezani dunia haikumwona. Mtu ambaye picha zake zote ni za zamani huanza kufanana na marehemu.

Pili, Steve Biko. Huyu alikuwa kijana wa Afrika Kusini, kiongozi wa vuguvugu la kujitambua kwa watu weusi, na alikufa kweli mikononi mwa polisi, tarehe 12 Septemba 1977, akiwa na miaka 30. Walimpiga kichwa, wakamsafirisha uchi ndani ya gari usiku kucha hadi Pretoria, na huko akafia sakafuni. Maelfu walihudhuria mazishi yake. Mwaka 1987 ikatoka filamu ya "Cry Freedom", Denzel Washington akiigiza Biko, na ndani yake mna umati, ngumi zilizoinuliwa na jeneza. Mtazamaji wa mbali, mwenye jina moja tu kichwani la mpigania uhuru wa Afrika Kusini aliye kifungoni, alilibandika jina gani juu ya jeneza lile?

Tatu, tarehe 11 Juni 1988, katika uwanja wa Wembley jijini London, lilifanyika tamasha kubwa la muziki la kuadhimisha miaka 70 ya Mandela. Mwenyewe hakuwapo, alikuwa gerezani. Picha yake kubwa, hotuba, nyimbo, watu wanafuta machozi, mwenye sherehe hayupo. Miezi miwili baadaye habari ikaja kwamba anaumwa mapafu.

Changanyeni hivyo vyote katika kichwa cha mtu aliye Ohio au Texas, ambaye Afrika anaiona kwenye televisheni mara moja moja, mpeni miaka 20 ya kusahau na kusimulia upya. Mazishi ya Mandela yatajitengeneza yenyewe. Hakuna aliyeteleza kutoka dunia nyingine.

Na si mazishi tu. Watafiti wawili wa Chuo Kikuu cha Chicago, Deepasri Prasad na Wilma Bainbridge, walichapisha mwaka 2022 utafiti wa picha maarufu. Walichukua picha 40, kila moja wakaitengenezea matoleo mawili ya uongo, kisha wakawaomba watu 100 wachague lililo sahihi. Katika picha saba watu walikosea kwa namna moja ile ile. Pikachu ni mmojawapo: wengi wanakumbuka ncha ya mkia wake ni nyeusi. Ni ya njano. Masikio ndiyo yenye ncha nyeusi. Nendeni mkaangalie. Hata ukisema rangi ya masikio imehamia mkiani, bado hujaeleza makosa ya picha nyingine, na watafiti wenyewe walikiri kuwa hawakupata sababu moja inayotosha zote saba. Hilo ni fumbo la kweli, tena liko wazi, linangoja mmoja wenu akue alifumbue.

Sasa nataka niseme jambo linaloniuma.

Watu wanapolichukulia jambo hili kama mchezo wa dunia sambamba, wanamchukua mtu aliyeishi na kumfanya swali la chemshabongo. Njia ambayo Mandela hakufa gerezani haikutokea kwa wakati kugawanyika. Ililipiwa. Yeye aliilipia kwa miaka 27, kumi na minane kati yake katika kisiwa cha Robben akivunja mawe na kuchimba chokaa. Mama yake alifariki 1968, na mwanawe mkubwa, Thembi, akafa katika ajali ya gari 1969. Hakuruhusiwa kwenda kumzika hata mmoja. Biko aliilipia. Solomon Mahlangu aliilipia, alinyongwa tarehe 6 Aprili 1979 akiwa na miaka 22, na shule ile ya Mazimbu ya Morogoro ikaitwa kwa jina lake.

Na huku kwetu tulitia mkono. Serikali ya Tanzania ndiyo iliyotoa ardhi ya Mazimbu kwa wapigania uhuru wale. Leo ni kampasi ya Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, na makaburi yao yako hapo. Redio Tanzania iliwapa vyama vya ukombozi nafasi ya kutangaza. Ndiyo maana wazee wa Dar es Salaam, Morogoro au Lusaka hamtawasikia sana wakisema Mandela alikufa miaka ya 1980. Kwao habari zake hazikuwa za filamu. Alipita Dar es Salaam Januari 1962, akitoka nchini mwake kwa siri, akaonana na Mwalimu Nyerere. Alipoondoka aliacha buti zake za ngozi kwa familia ya waziri Nsilo Swai. Mkewe waziri, Bi. Vicky, alizitunza. Mwenye buti akakamatwa Agosti mwaka huo huo, akahukumiwa kifungo cha maisha Juni 1964, miaka ikaenda, buti zikawa bado zinatunzwa. Mwaka 1995 Bi. Vicky alimrudishia mwenyewe mkononi, rais wa Afrika Kusini.

Hivyo ndivyo ushahidi unavyokuwa. Buti zina ngozi, zina soli. Anayesema mwenye buti alikufa 1985 itabidi aeleze ni nani aliyezipokea.

Kwa hiyo hukumu yangu ni hii. Njia za wakati zinazochanganyika ni hadithi, na kama hadithi ziandikeni, zichoreni, zitungieni filamu. Natamani kuona siku moja filamu ya namna hiyo kutoka Mwanza au Mombasa. Lakini mtu akikuambia hadithi hiyo ni maelezo ya kwa nini anakumbuka visivyo, mkatalie kwa adabu. Kumbukumbu yake imefanya kazi ambayo kumbukumbu ya kila mmoja wetu inaifanya, ya kushona vipande mpaka vikae. Si aibu, wala si uongo. Aibu inakuja pale mtu anapoonyeshwa gazeti, tarehe na kaburi, akachagua kubadilisha ulimwengu mzima kuliko kubadilisha kumbukumbu yake. Mali bila daftari hupotea bila habari, na historia ni mali.

Ninawaomba jambo moja mtakapoondoka hapa. Wapo majumbani kwenu watu waliokuwa wakubwa mwaka 1990. Wengine walimwona Mandela kwa macho yao mwaka huo huo alipofika Dar es Salaam, na baadaye Nairobi. Mwulizeni babu, bibi, mama mkubwa au jirani: siku Mandela anatoka gerezani ulikuwa wapi, ulisikia kwa nani, mkasema nini? Msimpendekezee jibu, kumbukeni vioo vya Loftus. Andikeni anavyosema, neno kwa neno, mtie na tarehe mliyomwuliza. Mkimaliza, nendeni maktaba mkatafute magazeti ya wiki hiyo mlinganishe. Ilikuwa Jumapili, tarehe 11 Februari 1990, na alipotoka langoni saa za Afrika Mashariki zilikaribia kumi na moja na robo jioni.